Steki ya vitunguu na jibini kwa kikaango kimoja: nianze na kipi?

MpishiMvivu
Habari za humu wakuu. Nina vipande viwili vya steki, unene kama sentimita mbili na nusu, vitunguu maji na jibini. Nataka nyama ipate ukoko wa kahawia nje na ibaki laini ndani, vitunguu viwe vile vitamu vinavyokaribia kuwa jemu, jibini liyeyuke juu. Shida ni vifaa: kikaango kimoja kizito cha chuma, jiko la moto mmoja, oveni sina. Nikianza na nyama itapoa ikingoja vitunguu. Nikiweka vyote pamoja, vitunguu vinatoa maji na nyama inachemka badala ya kukaangika. Naombeni utaratibu.

Kijiko_Kirefu
Vitunguu kwanza mkuu, hata saa mbili kabla. Vitunguu vinangoja, nyama haingoji.
Kata vingi kuliko unavyodhani, vitatu vikubwa kwa watu wawili, maana vinanywea sana. Mafuta kidogo, siagi kidogo, chumvi kidogo ili vitoe maji, halafu moto mdogo. Dakika 40 hadi 60. Mapishi yanayoandika dakika 10 yanakudanganya. Hapo umepata vitunguu vilivyolainika tu. Sukari iliyomo ndani ya kitunguu haigeuki rangi mpaka maji yapungue, na maji hayana haraka. Vikianza kugandia chini, mwagia vijiko viwili vya maji, kwangua ule ukoko uchanganyike navyo, uache vikauke tena. Rudia hivyo mpaka upate rangi unayotaka. Mwishoni matone machache ya siki, vinginevyo utamu unakinaisha.

SufuriaNyeusi
Saa nzima kwa ajili ya vitunguu! Tia kijiko cha sukari, dakika 15 rangi imekuja, watu wale.

Kijiko_Kirefu
Rangi itakuja, ndiyo, ila ya sukari uliyomwaga. Kitunguu chenyewe bado kitakuwa kinakwaruza, na sukari ikizidi moto kidogo inakuwa chungu. Kama mtu ana haraka, bora afunike dakika 10 za mwanzo vilainike kwa mvuke wake, kisha afunue.

Mama Kitoweo
Mwanangu, vitunguu vikitoka futa kikaango vizuri. Mabaki yake yana sukari, yataungua kabla nyama haijaiva.
Nyama ikaushe kwa kitambaa safi, maana ikiwa na maji juu haipati ukoko. Chumvi iweke dakika 40 kabla au zaidi, ama sekunde ile unapoitia kikaangoni. Katikati ya hapo chumvi inakuwa imevuta maji juu na hayajarudi ndani. Kikaango kiwe cha moto hasa, mafuta yaanze kutoa moshi mwembamba. Siagi usianze nayo, inaungua. Kwa unene huo, dakika tatu hivi kila upande.

MpishiMvivu
Shikamoo mama, nimeelewa. Na jibini? Nikingoja liyeyuke si nyama itazidi kuiva?

Mama Kitoweo
Marahaba. Ndiyo maana unaondoa dakika kwenye upande wa pili. Ukishageuza na zimebaki kama dakika moja na nusu, punguza moto, panga vitunguu juu, jibini juu ya vitunguu, tia kijiko cha maji pembeni ya kikaango (si juu ya nyama!) ufunike. Mvuke utaliyeyusha ndani ya dakika moja. Epua, iache itulie dakika tano, kisha ikate kukatisha nyuzi.

Kipimajoto
Dakika ni makisio. Mwenye kipimajoto aangalie nyuzi 54 hadi 57 kwa nyama yenye uwaridi ndani. Wizara ya Kilimo ya Marekani inashauri 63 na kuipumzisha dakika tatu, na kwa mjamzito au mzee fuateni hiyo. Kwa ile ya 54 hadi 57 epueni nyuzi tatu kabla, joto huendelea kupanda nje ya moto; ile ya 63 ifike 63 ikiwa bado motoni.

SufuriaNyeusi
Jibini gani sasa? Mimi nina halloumi.

Mama Kitoweo
Hiyo haiyeyuki, kaanga uile peke yake. Tumia mozzarella au cheddar isiyokaa sana; lililokomaa mno hutoa mafuta na kubaki chengachenga. Na ukune mwenyewe. Lile la pakiti lililokwisha kukunwa hupakwa wanga lisishikane, kwa hiyo haliyeyuki vizuri.