Nani aliwaambia watoto hesabu za desimali zinapangwa "kuanzia kulia"?

Wakuu, nimekasirika na sifichi. Wiki nzima nakesha na binti yangu kwenye hesabu za chenji, nikidhani hajitumi. Leo nimegundua tatizo si yeye.

Swali: una 50, umenunua kitu cha 8.65, unarudishiwa ngapi? Akaandika 50 juu, 8.65 chini, tarakimu za mwisho zimebanana kulia: sifuri juu ya tano, tano juu ya sita. Jibu, 8.15. Akawekewa kosa, pembeni "rudia". Akarudia vilevile! Angefanyaje, wakati darasani ameambiwa namba hupangwa kuanzia kulia?

Kanuni hiyo ni ya namba nzima. Kwenye desimali kinachopangwa ni nukta, nukta chini ya nukta, ili mamoja yakae na mamoja, sehemu za kumi na sehemu za kumi. Hiyo 50 nayo ina nukta, haijaandikwa tu. Iandike 50.00 mtoto aione. Sentensi moja hiyo, hakuna aliyemwambia!

Nikamwandikia 50.00. Akatoa, akaleta 58.65. Chenji imezidi hela aliyotoa! Kumbe kila alipokuta sifuri juu aligeuza, akatoa ndogo kwenye kubwa. Kukopa kupitia sifuri tatu mfululizo hajawahi kuonyeshwa. Unakopa kwenye ile 5 ya makumi, inabaki 4. Sifuri mbili za katikati zinakuwa 9 na 9, ya mwisho inakuwa 10. Hapo ndipo inatoka 41.35.

Na kinachoniuma zaidi ni kwamba kuna njia ambayo wauzaji wengi wanaitumia bila hata kalamu: kuhesabu kwenda mbele. Kutoka 8.65 hadi 9 ni 0.35, hadi 10 ongeza 1, hadi 50 ongeza 40. Jumla 41.35, hujakopa popote. Binti yangu aliielewa kwa dakika chache, kisha mwenyewe akajumlisha 41.35 na 8.65 kuhakiki. Ikaja 50. Alinyanyua macho akaniuliza, "Kwa nini hawakutufundisha hii?"

Sikuwa na jibu. Walimu mliomo humu, nijibuni nyie. Msiniambie muda hautoshi, maana muda wa kuandika "rudia" mara nne kwenye daftari moja ulipatikana.