Mjadala: Je, mifugo ndiyo iliyoukausha Mto Ruaha Mkuu?

Kila kiangazi kinapokolea na Mto Ruaha Mkuu ukakatika ndani ya Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, kauli ileile husikika: wafugaji waliojazana Usangu, uwanda wa mkoani Mbeya ambao mto huupitia kabla ya kufika hifadhini, ndio waliouua mto, na dawa yake ni kuwaondoa. Naileta kauli hiyo mezani ili ijadiliwe kwa takwimu na kwa namna mto wenyewe unavyofanya kazi, maana imekwisha kutumika zaidi ya mara moja kuhamisha watu na mifugo yao, na mto haujarudi. Msimamo wangu ni kwamba mto huu hukatwa kwenye mabanio ya mifereji ya mpunga, yaani vizuizi vinavyokatiza mto ili kuyaelekeza maji mferejini, kati ya Julai na Novemba, kabla maji hayajafika mahali ambapo ng'ombe angeweza kuyanywa.

Tuanze na bonde lenyewe. Maji ya Ruaha Mkuu hutoka kwenye milima ya Uporoto na Kipengere, ambako mvua ni nyingi, kisha hushuka kwa mito ya Mbarali, Kimani, Chimala, Ndembera na Ruaha yenyewe hadi kwenye uwanda wa Usangu, ambako mvua huwa ya msimu mmoja tu, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili. Anayesafiri kwa barabara kuu ya Tanzania na Zambia huivuka mito kadhaa kati ya hiyo pale Igawa, Chimala na jirani zake bila kufahamu kwamba yuko kwenye mstari unaoamua kila kitu, kwa kuwa juu ya barabara maji hutiririka mwaka mzima na chini yake kuna mabanio. Yanayopita mabanio huenda kwenye ardhioevu, na sehemu ya mashariki ya ardhioevu hiyo ndiyo Ihefu. (Vijana wengi wanaijua Ihefu kwa sababu ya timu ya soka ya jina hilo, wakati huo ikiwa ya Ubaruku, iliyoifunga Yanga 2-1 Novemba 2022 na kukatisha mwendo wake wa mechi 49 za ligi bila kufungwa. Mwezi huohuo mto uliobeba maji ya Ihefu ulikuwa mchanga mtupu huko hifadhini.)

Ihefu ni kama karai lenye pengo moja kwenye ukingo wake, na pengo hilo ni mwamba wa Ng'iriama. Maji yakiwa juu ya mwamba, mto hutoka na kuingia hifadhini. Yakishuka chini ya mwamba kwa sentimita chache tu, mto hukatika palepale, hata kama nyuma yake bado kuna eneo kubwa la maji na matete. Jua la Usangu hunyonya maji hayo kila siku. Kwa hiyo, ili mto utoke Ng'iriama wakati wa kiangazi, yanayoingia Ihefu hayana budi kufidia yanayonyonywa na jua na kubakiza ziada. Asiyezingatia jambo hili ataendelea kushangaa kwa nini mto uliokuwa ukipungua polepole kwa miaka mingi ulikatika kana kwamba umefungwa kwa koki. Mwaka 1993 ndio unaotajwa kuwa mwanzo wa kukatika huko, na tangu hapo hali hiyo imekuwa ya kawaida.

Japhet Kashaigili wa Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine na watafiti wenzake walichambua kumbukumbu za maji za mwaka 1958 hadi 2004, wakaona kwamba maji yanayoingia kwenye ardhioevu katika miezi ya Julai hadi Novemba yalikuwa yamepungua kwa takriban asilimia 70, na kwamba eneo la ardhioevu wakati wa kiangazi lilikuwa limesinyaa kwa takriban asilimia 40. Walieleza sababu kuu bila kuzunguka: maji huchepushwa, hasa kwa ajili ya umwagiliaji. Walikadiria pia kwamba mto unahitaji angalau mita za ujazo 0.6 kwa sekunde kutoka Ihefu ili viumbe wake wabaki hai, na kwamba ili kiasi hicho kitoke, lazima mita za ujazo 7 kwa sekunde ziingie. Tafsiri yake ni kwamba, katika mito isiyokauka, asilimia 80 ya maji ya kiangazi yaachwe yapite na asilimia 20 tu ndiyo yatumiwe na watu.

Hapo ndipo ningependa wanaolaumu mifugo watupigie hesabu. Tuchukue kwa mfano ng'ombe 300,000, na kila mmoja anywe lita 30 kwa siku. Jumla ni mita za ujazo 9,000 kwa siku, ambazo ni sawa na mita ya ujazo 0.1 hivi kwa sekunde. Hata ukiongeza idadi hiyo mara mbili, hujafika popote karibu na 7. Sisemi kwamba ng'ombe hawana madhara. Kundi kubwa hushindilia ardhi, huharibu kingo, na moto wa kuchipuzisha majani huunguza matete; mwenye kubisha hilo aende akaangalie njia za mifugo zinazoingia majini. Lakini madhara hayo hayaelezi kwa nini maji hayafiki Ihefu, kwa sababu ng'ombe wa Ihefu wako chini ya mabanio, na hawawezi kunywa maji yaliyokwisha kuchepushwa juu yao.

Historia ya watu wa Usangu inasaidia kuona jinsi lawama ilivyoelekezwa. Uwanda huu ulikuwa nchi ya Wasangu chini ya akina Merere, ambao katika karne ya 19 walipigana vita virefu na Wahehe, na Wasangu wenyewe walikuwa wafugaji kabla ya yeyote kati ya wale tunaowaita wafugaji wavamizi hajafika. Wabaluchi waliohamia maeneo ya Rujewa wakati wa ukoloni wanakumbukwa miongoni mwa waanzilishi wa kilimo cha mpunga cha mifereji. Serikali ikaja na shamba la Mbarali katika miaka ya 1970 kwa msaada wa China, kisha Kapunga, na mwishoni mwa miaka ya 1990 skimu ya Madibira inayotumia maji ya Ndembera. Wakulima wadogo wakaongezeka kandokando ya mifereji hiyo kutoka kila pembe ya nchi. Ilipofika mwanzoni mwa miaka ya 2000, katika mwaka wa mvua nzuri, mpunga ulifunika zaidi ya hekta 40,000. Wasukuma na mifugo yao walifika katika kipindi hichohicho cha kupanuka kwa mpunga, na kwa kuwa ng'ombe huonekana kwa macho na mfereji hauonekani ukiwa barabarani, lawama ikamwangukia anayeonekana.

Banio lenyewe linahitaji kuelezwa kwa karibu, maana wengi wanaojadili jambo hili hawajasimama juu yake. Banio la zamani lilikuwa miti, mawe, nyasi na udongo vilivyopangwa kukatiza mto, nalo lilivuja sana. Mafuriko yalilibomoa kila mwaka na wakulima wakalijenga upya kwa nguvu za pamoja. Wakati wa kiangazi maji yaliyopenya kati ya mawe yaliwafikia walioko chini, wakitaka wasitake walio juu. Miradi ya kuboresha umwagiliaji ya miaka ya 1990 ikaleta mabanio ya zege yenye malango ya chuma. Hayo hayavuji. Yanaweza kuuchukua mto mzima mwezi wa Oktoba, na huchukua, kwa sababu Oktoba na Novemba ndiyo miezi ambayo mkulima anayetaka kuwahi soko huandaa vitalu na kulowanisha majaruba kabla ya mvua. Tuliita hayo maboresho ya ufanisi, na kweli ni ufanisi, lakini ni wa kuchukua maji.

Vibali vya kutumia maji vikaongeza tatizo. Kibali kinachotaja lita kadhaa kwa sekunde humpa mwenye banio haki ya kiasi kilekile, mto uwe umefurika au umebaki kijito, na akishakilipia huona kwamba maji yote yaliyomo ni yake. Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya mwaka 2009 huweka matumizi ya nyumbani kwanza na maji ya mazingira ya pili, kabla ya kilimo. Kwenye karatasi ni utaratibu mzuri. Kwenye lango la banio saa nane usiku, anayeamua ni mwenye ufunguo.

Hoja ya umeme nayo imekuwa ikitolewa kwa nguvu, hasa tangu mgawo wa miaka ya 1990, kwamba maji yanayopotea Usangu ndiyo yanayozima taa Dar es Salaam. Bwawa la Mtera, lililo kwenye mto huuhuu chini ya hifadhi na lililokamilika mwanzoni mwa miaka ya 1980 ili kulisha mitambo ya umeme ya Kidatu iliyo chini yake, lina uwezo wa kuhifadhi takriban mita za ujazo bilioni 3.2 za maji yanayotumika. Mita za ujazo 0.6 kwa sekunde, zikitiririka bila kukoma kuanzia Julai hadi mwisho wa Novemba, hazifiki mita za ujazo milioni 8. Mtera likijaa hufunika takriban kilomita za mraba 600, hivyo jua likinyonya sentimita moja tu ya kina chake, limeondoka na mita za ujazo milioni 6. Bwawa hilo hujazwa na mafuriko ya masika, yakiwemo ya Ruaha Mdogo na Kisigo, na usalama wake unategemea jinsi linavyofunguliwa na kufungwa. Tunaotetea maji ya kiangazi tuyatetee kwa sababu ya mto na viumbe wake, wala tusiazime sababu ya umeme isiyosimama.

Sababu ya viumbe inatosha. Mto unapokatika hifadhini, viboko hukusanyika kwenye madimbwi machache yaliyosalia, kinyesi chao kinarundikana, oksijeni inapungua majini na samaki wanakufa. Tembo huchimba mchanga kwa miguu na mkonga kutafuta maji ya chini. Pofu na nyati hulazimika kubaki karibu na dimbwi moja, na simba analijua hilo.

Sasa tuangalie kilichofanywa. Mwaka 1998 Usangu ilitangazwa kuwa pori la akiba. Mwaka 2001 Waziri Mkuu Frederick Sumaye aliahidi jijini London kwamba Ruaha Mkuu ungetiririka mwaka mzima ifikapo 2010. Mwaka 2006 na 2007 wafugaji waliondolewa kwa nguvu na ng'ombe wao wakasafirishwa kuelekea Lindi na Pwani, wengine wakifia njiani. Kwa Tangazo la Serikali Na. 28 la 2008 pori hilo liliunganishwa na hifadhi, ambayo ikawa na zaidi ya kilomita za mraba 20,000. Ahadi ya 2010 ilipita. Mto ulikauka kwa miezi tena mwaka 2022, na mwaka uliofuata Tangazo Na. 754 likarekebisha mipaka, vijiji vingine vikabaki nje na vingine vikatakiwa kuhama. Mradi wa REGROW wa kukuza utalii kusini, uliopata dola milioni 150 kutoka Benki ya Dunia mwaka 2017, ulisitishiwa fedha na kisha kufutwa mwaka 2024 baada ya malalamiko ya wananchi kuhusu uhamishaji na ukatili. Katika mlolongo huo wote, kilichosogezwa ni mpaka, watu na ng'ombe. Mabanio yalibaki yalipo.

Najua jibu litakalokuja: mpunga ni chakula, na familia nyingi za Mbarali zinaishi kwa huo. Nakubali, na kwa sababu hiyo sitaki mpunga wa masika uguswe. Maji ya Februari ni mengi na mkulima ayatumie. Ninachozungumzia ni maji ya miezi mitano. Sehemu kubwa ya maji yanayoachwa kwenye mifereji wakati huo hutetewa kwamba ni ya kunywa na kufulia, kwa kuwa vijiji vingi havina chanzo kingine. Ni kweli wanayahitaji, ila kijiji kinachohitaji lita chache kwa sekunde hakipaswi kuletewa maji kwa mfereji wa udongo wenye urefu wa kilomita kadhaa, ambao hupoteza mengi njiani. Visima na mabomba kwa vijiji hivyo vingetuwezesha kufunga malango ya mifereji Julai bila kumwacha mtu na kiu. Kisha vibali viandikwe upya kwa asilimia ya maji yaliyopo mtoni siku hiyo. Na vinyungu, yaani bustani za mabondeni, vya huko juu, Njombe na Makete, viingizwe kwenye hesabu hiyohiyo, kwa kuwa anayelima bondeni kwenye chanzo naye anachepusha maji.

Kuhusu bwawa la Lugoda linalopendekezwa kwenye Mto Ndembera, sina pingamizi la msingi. Ndembera huingia moja kwa moja upande wa Ihefu, kwa hiyo maji yanayoachiwa kutoka huko yangefika Ng'iriama kwa njia fupi. Lakini kati ya Lugoda na Ihefu liko banio la Madibira. Wanaotetea bwawa hilo watueleze ni nani atakayelinda maji hayo yapite Madibira mwezi wa Oktoba, kwa amri ipi, na mkulima atakayezuiwa kuyagusa atalipwa nini. Na wanaotaka wafugaji waondolewe tena watueleze ni maji kiasi gani yaliongezeka Ng'iriama baada ya wale wa 2006 kuondoka.