Naomba ushauri: nadharia ipi inafaa kuchunguza vibao vya laana vya Bath?

Ndugu zangu mliobobea katika historia na masomo ya dini, naandaa tasnifu ya uzamili kuhusu vibao vipatavyo 130 vya madini ya risasi na bati, vilivyoandikwa laana na kufukuliwa katika chemchemi ya maji moto ya Bath, Uingereza, ambako enzi za Warumi aliabudiwa mungu wa kike Sulis Minerva. Katika kimojawapo, mtu aitwaye Docilianus anamlaani aliyemwibia joho lake lenye kofia, awe mwanamume au mwanamke, mtumwa au mwungwana, na anaomba mwizi huyo asipate usingizi wala watoto mpaka alirejeshe hekaluni.

Msimamizi wangu anapendekeza mtazamo wa Christiane Sourvinou-Inwood, mtaalamu wa dini ya Wagiriki wa kale, aliyeona kuwa dola-mji ya Kigiriki ndiyo iliyobeba na kuratibu ibada, hata zile za nyumbani. Kwangu unabana: haukuundwa kwa ajili ya Britania (Uingereza ya enzi za Warumi), na ndani yake Docilianus karibu haonekani. Navutiwa zaidi na Jörg Rüpke, mtaalamu wa dini ya Warumi, na wenzake wa Chuo Kikuu cha Erfurt, Ujerumani, wanaoanza na mtu binafsi na namna anavyoitumia dini katika shida zake. Hata hivyo, maneno ya vibao hivi yanafanana mno, kama hati za mahakamani, jambo linaloashiria nguvu ya desturi ya pamoja.

Je, nichague mtazamo mmoja, au niipambanishe yote miwili? Na je, mpaka kati ya dini na uchawi unastahili sura nzima, ilhali laana hizi zilitupwa katika chemchemi ya hekalu la hadharani?