Souness aliiua Liverpool, au aliikuta inakufa?

Mtoa mada:
Wadau, kila tukianza kuongelea ile miaka 30 ya Liverpool bila ligi, 1990 hadi 2020, lazima atokee mtu aseme Graeme Souness, nahodha wetu wa zamani aliyerudi kuwa kocha 1991 hadi 1994, ndo aliharibu. Mi nabisha. Jamaa kapewa timu Aprili 1991, kocha aliyemtangulia, Dalglish, kashaachia ngazi tangu Februari baada ya ile 4-4 na Everton, beki Hansen kashatundika daluga, kipa Grobbelaar ana 33, Rush na Nicol wanaigonga 30, sasa hapo kocha yeyote si angepangua tu? Na kazi alikuwa anaijua. Rangers ya Scotland aliwakuta hawajabeba ligi tangu 1978, msimu wake wa kwanza tu wa 1986/87 kabeba, tena anacheza mwenyewe kiungo (mechi ya kwanza na Hibs kala nyekundu lol). 1989 akamsajili Mo Johnston, Mkatoliki, aliyewahi kuwa Celtic, mahasimu wa Rangers, kwenye klabu ya Waprotestanti, watu wakachoma skafu na yeye wala. Kuja kwetu Anfield, kamtoa beki Rob Jones klabu ndogo ya Crewe, Fowler kampa mechi ya kwanza, FA Cup 1992 kabeba. Mnamuonea.

Mchangiaji:
Mkuu kupangua hakuna anayekataa, ishu kapangua vipi. Beardsley kamuuza Everton, yaani Everton hawa hawa majirani! Baadaye mzee akaenda Newcastle akawa moto, msimu wa 1993/94 wamemaliza wa tatu sisi wa nane. McMahon kauzwa, Houghton kauzwa, hela imeenda kwa Paul Stewart na Piechnik. Saunders kamnunua paundi milioni 2.9, mwaka mmoja tu kamuuza Villa. Bomoa banda bovu sawa, ila matofali uliyoleta ndo hayo?

Mchangiaji mwingine:
Nyie bakini na sajili zenu. Mi mwenzenu naishia Aprili 1992. Kafanyiwa upasuaji wa moyo, hapo pole sana, halafu stori yake kaiuza The Sun, gazeti lilelile lililowasingizia mashabiki wetu baada ya Hillsborough, ule msiba wa uwanjani wa 1989 uliochukua watu 97, na ikatoka tarehe 15 Aprili, siku ya kumbukumbu yenyewe!! Na huyu ndo nahodha aliyenyanyua kombe la Ulaya pale Roma 1984. Kaomba radhi sawa, lakini kuna watu Liverpool mpaka leo gazeti hilo hawaligusi, we unadhani walimchukuliaje?

Mtoa mada:
La gazeti simtetei hata kidogo, ila hilo halikutufungisha goli uwanjani. Mnaongea kama Bristol City, timu ya daraja la chini, kuja kututoa FA Cup Anfield Januari 1994 ni laana yake peke yake. Souness kaondoka, kaja kocha Roy Evans, mtu wa ndani kabisa wa miaka na miaka, ana Fowler, ana McManaman, ligi hakubeba. Houllier hakubeba. Benitez hakubeba. Nao mtasema Souness?

Mchangiaji:
Evans msimu wake wa kwanza mzima, 1994/95, kamaliza wa nne na Kombe la Ligi kabeba. Julian Dicks, aliyesajiliwa na Souness wako, karudishwa West Ham msimu huohuo. Kwanini Evans aanze kwa kurudisha mizigo madukani kama kikosi alichoachiwa kilikuwa kizima? Jibu hilo kwanza mkuu, ya Benitez tutafika.