Watu 11 wamechagua kwa adresi ya parseli yangu, halafu naambiwa mimi si mhusika

Wandugu, jambo yenu. Nilitaka hasira itulie kwanza ndipo niandike. Haitulii.

Tarehe 20 Desemba 2023 nilikuwa shahidi wa shemeji yangu kwenye bilo ya kupigia kura; yeye ni kandida wa kujitegemea kwa ukonseye wa komini, yaani udiwani, hapa Lubumbashi, Kongo. Saa nne hivi akaingia kijana, nikatupia jicho karte yake ya uchaguzi: avenue yangu, namba yangu. Parseli yangu! Nimezaliwa humo, nimeoa humo, najua mpaka paka wa humo. Nikasema huyu simjui. Mkubwa wa bilo akanijibu: "Papa, jina iko ku liste, karte iko ya kweli, mwache achague."

Mpaka jioni nilihesabu 11. Wote "wanakaa" kwangu, nyumba ya vyumba vitatu na choo kimoja cha nje. Nikaomba iandikwe kwenye PV, ile ripoti rasmi ya bilo, wakaandika mstari mmoja tu.

Januari 2024 matokeo ya muda yakatoka. Shemeji amekosa kiti kwa kura 9. Hesabu mnaiona wenyewe.

Nikachukua hati ya parseli, nikaenda tribinali. Karani hakuifungua hata bahasha. Kifungu cha 73 cha sheria ya uchaguzi kinampa haki ya kupinga matokeo mtu wa chama, muungano wa vyama, au kandida wa kujitegemea. Mchaguzi wa kawaida hayumo, hata kama ni mlango wake ndio umetumiwa. Na siku ni 8 tu tangu CENI, tume ya uchaguzi, itangaze. Basi shemeji akaweka kesi yeye, siku ya saba, kwa pesa za kukopa.

Jibu la tribinali lilikuja hivi. Kwanza, mambo ya nani aliandikwa wapi yalikuwa ya wakati wa kujiandikisha, yaani tangu Januari 2023, si ya leo. Pili, kura ni siri, kwa hiyo hatuwezi kuonyesha kwamba hao 11 walimchagua mpinzani, na hakimu anafuta uchaguzi pale tu kosa linapoweza kugeuza matokeo. Kura 9 na watu 11, lakini haigeuzi kitu! Avoka wetu, wakili, alikunja makaratasi yake taratibu kama mtu aliyeijua hiyo sentensi kabla haijasomwa.

Wakati wa kujiandikisha ningepinga nini, wakati sikujua kama watu hao wapo duniani? Nilisimama foleni siku mbili kutafuta karte yangu mwenyewe. Tena wengine pale hawakuwa na nia mbaya. Karte ya uchaguzi ndiyo kitambulisho chetu, mtu anaifuata popote foleni ni fupi, anataja adresi yoyote. Na sheria ikitaja nani ni mchaguzi inauliza uraia, miaka 18, usiwe askari wala polisi, usiwe umenyimwa haki na korti. Kulala katika komini unayoichagulia, hilo haliulizi. Kwa rais sawa, nchi ni moja. Lakini konseye wa komini atashughulika na mtaro wa mtaa wangu, atachaguliwaje na mtu asiyejua mtaro uko upande gani?

Sisemi kila mtu aruhusiwe kumsimamisha mwenzake mlangoni mwa bilo. Hapa Katanga tunajua hiyo njia inafika wapi. Miaka ya 1992 na 1993 watu wenye asili ya mkoa wa Kasai walifukuzwa, familia nzima zikalala kwenye gare, stesheni ya treni, ya Likasi zikingoja treni. Ukifungua huo mlango, wataanza na majina ya ukoo kabla ya kuangalia karte. Hilo nalikubali kabisa. Ila mimi sikumpinga mtu kwa jina wala kwa lugha yake. Nilileta hati ya parseli, yenye muhuri! Kati ya kumfukuza mtu kwa kabila na kuangalia karatasi, hakuna nafasi hata ya kupitisha kidole?

Wiki iliyopita akaja kijana mmoja wa mikopo, anatafuta mtu aliyechukua pikipiki na kuacha kulipa. Karte aliyoacha rehani inasema anakaa kwangu. Ni mmoja wa wale 11, jina nimelikumbuka. Nimemwambia kijana aende tribinali, kule wanajua kwamba adresi ni ya kweli.