Kwa nini daktari wa Bukavu hakuishia kwenye chumba cha upasuaji?

Mhazini wa Tandika

Ndugu zangu, naomba msaada wa hoja, kwa sababu kikoba chetu cha kuweka akiba hapa Tandika kimekwama kwenye jambo ambalo sikulitarajia. Kila mwaka tunapovunja kikoba huwa tunatenga kiasi kidogo kwa ajili ya wagonjwa. Safari hii mwenzetu mmoja, ambaye alikulia katika kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu kule Kasulu kabla ya kuolewa huku, alitusimulia habari za Dk. Denis Mukwege, daktari wa wanawake, na Hospitali ya Panzi aliyoianzisha Bukavu, mashariki mwa Kongo, na wanachama wakaafikiana kwamba fedha za mwaka huu ziwaendee wanawake waliofanyiwa ukatili vitani.

Ubishi ulianza pale katibu wetu aliposema kwamba kazi ya daktari ni kutibu, na kwamba Mukwege alipoanza kuhutubia Umoja wa Mataifa, na hatimaye kugombea urais mwezi Desemba 2023, alikuwa ameshaiacha kazi yake na kuingia kwenye siasa. Kwa hiyo anataka fedha zilipie upasuaji tu, na senti isiende kwenye kile anachokiita maneno ya mahakamani. Nilikosa jibu, na nakiri kwamba sehemu ya moyo wangu inakubaliana naye. Mnaonaje?

Muuguzi Mstaafu

Dada Mhazini, nimefanya kazi miaka mingi katika wodi ya wanawake wenye fistula, yaani tundu kati ya uke na kibofu au njia ya haja kubwa linalomfanya mtu avuje mkojo au kinyesi, nami nitajibu kwa yale niliyoyashika kwa mikono yangu. Fistula nyingi, hata huko Kongo, husababishwa na uchungu wa kujifungua uliokaa muda mrefu bila msaada. Zile zinazotokana na ukatili ni chache zaidi, ila mara nyingi ni ngumu zaidi kuzifunga, kwa sababu nyama za mwili zimechanwa ovyo. Upasuaji wa kwanza ndio wenye nafasi kubwa ya kufanikiwa, na ukiharibika, kila unaofuata hukuta makovu. Kwa hiyo katibu wenu hajakosea anapoupa upasuaji uzito.

Baada ya upasuaji mgonjwa hukaa na mpira wa mkojo kwa takriban wiki mbili, kisha kabla ya kuutoa tunajaza kibofu maji yenye dawa ya buluu na kuangalia kama pamba tuliyoiweka ukeni inatoka nyeupe, yaani hakuna kinachovuja. Namkumbuka mama mmoja ambaye pamba yake ilitoka nyeupe pe; wodi nzima ikapiga vigelegele, naye akaketi pembeni mwa kitanda akikunja kanga iliyokuwa kavu kwa mara ya kwanza baada ya miaka, anaikunja na kuikunjua. Tulipomwambia kwamba keshokutwa anaruhusiwa, akauliza, "Niende wapi?" Mume alikuwa ameshaoa mwingine, na kwao walikuwa wakimpa chakula chake nje ya nyumba. Kwenye faili yangu aliandikwa kuwa amepona.

Ndiyo maana Panzi wanaunganisha mambo manne: tiba ya mwili, tiba ya nafsi, msaada wa kisheria, na mafunzo ya kujitegemea kiuchumi. Hata hapa Dar, hospitali ya CCBRT, inayotibu fistula, walikuja kugundua kwamba matibabu ya bure hayamfikii asiye na nauli, wakaanza kutuma fedha za safari kwa M-Pesa ili mgonjwa aletwe kutoka kijijini.

Mwana wa Kivu

Shikamooni. Mimi ni mzaliwa wa Bukavu, na ninafanya biashara Kariakoo. Ningependa katibu ajue kwamba si Mukwege aliyeifuata vita. Alikuwa daktari katika hospitali ya Lemera, na mwezi Oktoba 1996 hospitali hiyo ikavamiwa, wagonjwa na watumishi wakauawa humo humo. Mwaka 1999 alipoanzisha Panzi nia yake ilikuwa kupunguza vifo vya akina mama wanaojifungua, lakini mgonjwa wa kwanza hakuwa mjamzito. Alikuwa mwanamke aliyebakwa kisha akapigwa risasi sehemu za siri. Kutoka hapo wagonjwa wa namna hiyo hawakukatika. Mwenyewe amesimulia mara nyingi jinsi alivyomtibu mama, na baada ya miaka akaletewa binti wa mama yule yule. Kama nyumba inavuja, utamlaumu anayekinga maji kwa kuuliza nani anatoboa bati?

Mwezi Septemba 2012 alihutubia Umoja wa Mataifa, na mwezi uliofuata watu wenye silaha wakamvizia nyumbani kwake, mlinzi wake akauawa, naye akakimbilia Ulaya na familia yake. Waliomrudisha ni wanawake, wengine kutoka kisiwa cha Idjwi katika Ziwa Kivu, wasio na kitu, ambao waliuza mananasi na vitunguu ili wamchangie tiketi ya ndege. Aliporejea Januari 2013 walimpokea barabarani kwa nyimbo. Wanawake hao, ambao wengi wao hawakuwa na hata fedha ya dawa, waliona kuna maana kumlipia nauli daktari aliyesema.

Wakili wa Ilala

Kuhusu "maneno ya mahakamani", niongeze jambo moja. Sisi huku tunaijua vizuri PF3, ile fomu ya polisi ambayo daktari hujaza baada ya kumpima aliyeumizwa: daktari akiijaza kwa haraka, akaandika mistari miwili isiyosomeka, kesi ya ubakaji imekufa kabla haijafika kwa hakimu. Faili la daktari ni ushahidi, atake asitake. Katika kijiji cha Kavumu, karibu na Bukavu, watoto wadogo wa kike walikuwa wakiibwa usiku, wanabakwa, kisha wanatupwa, na wengi wao walitibiwa Panzi. Kumbukumbu za madaktari zilikuwa sehemu ya ushahidi, na Desemba 2017 mahakama ya kijeshi ilimhukumu mbunge wa bunge la mkoa wa Kivu Kusini na wenzake kumi kifungo cha maisha kwa uhalifu dhidi ya ubinadamu.

Mengine bado yamelala. Ripoti ya Umoja wa Mataifa ya mwaka 2010 iliorodhesha matukio 617 ya uhalifu mkubwa nchini Kongo kati ya mwaka 1993 na 2003, na Mukwege alipopokea Tuzo ya Amani ya Nobel mwaka 2018, pamoja na Nadia Murad, mwanaharakati wa Kiyazidi kutoka Iraki, alilalamika kwamba ripoti hiyo inaota ukungu kwenye droo. Urais ni suala jingine, na hapo namwachia katibu haki ya kutilia shaka. Mimi pia nilisita.

Mhazini wa Tandika

Nashukuruni sana. Jana nilisoma majibu haya kwa sauti kikaoni. Katibu alikaa kimya hadi kwenye ile kanga kavu, kisha akauliza yule mama alikwenda wapi hatimaye. Kuhusu mahakama hajashawishika, ila amekubali fungu moja liwe la upasuaji na jingine la nauli na mtaji wa cherehani. Dada Muuguzi, nauli hiyo tuihesabu ya mgonjwa peke yake, au na ya mtu wa kumsindikiza?

Muuguzi Mstaafu

Hesabuni ya wawili, kwenda na kurudi, na mbakize kidogo cha doti ya khanga mpya. Yule mama alipokelewa na dada yake Morogoro.