Kaka alipotea Beira kwenye kimbunga Idai, tunataka kumfanyia msiba bila mwili. Naombeni ushauri

Kitindamimba_Kibosho
Wakuu, habari za jioni. Kwetu ni Kibosho, kazi zangu ziko Moshi mjini. Mnivumilie, naandika huku nimechoka kichwa.

Kaka yangu mkubwa alikwenda Msumbiji 2016, akawa fundi wa malori Beira, mtaa wa Munhava, jirani na bandari. Machi 2019 kimbunga Idai kikaipiga Beira. Usiku ule alinipigia, akasema mabati ya jirani yameanza kuruka na maji yanaingia uani, nimwambie mama amwombee. Nikamwambia atoke hapo. Akasema "nakupigia baadaye." Hatujaisikia sauti yake tena. Tulipeleka jina Msalaba Mwekundu, tukatuma picha kwa madereva wa njia ile, kimya.

Machi hii imetimia miaka 7. Mama ana miaka 74, presha inapanda, halali. Gari likisimama barabarani usiku anauliza, "Ni yeye?" Tumeamua kumfanyia kaka msiba, ibada iwepo, watu wapate chakula, mama apumzike. Baadhi ya wazee wa ukoo wanasema bila mwili haiwezekani. Swali langu ni hilo tu, inaruhusiwa? Ni Jumamosi ya wiki ijayo, mahema nimeshalipia.

Mama_Upendo_Sakina
Pole sana mwanangu. Mimi niko Arusha, ila mdogo wangu alikuwa na duka Katesh. Desemba 2023 tope liliposhuka kutoka Mlima Hanang tulikaa siku nne tukimtafuta, tunafukua na majembe pamoja na wanajeshi. Tulimtambua kwa shati. Na mimi nasema Mungu alinihurumia, kwa sababu nilizika. Jirani yake wa pale hakupata mtu wa kuzika, mpaka leo anaacha mlango bila komeo. Fanyeni ibada, mama yenu apate mahali pa kulilia.

Ojwando
Kwetu Rorya mtu akipotea ziwani asipatikane, linazikwa tunda la yago badala yake, lile refu la mti wa mwegea. Kaburi linachimbwa kama kawaida na watu wanalia kama kawaida. Nyie Wachaga ulizeni wazee wenu, lisikosekane jambo.

Fundi_Kenchi
Poleni. Mimi naomba niseme la mabati, maana ndiyo kazi yangu. Watu wanadhani upepo unalibonyeza paa. Upepo mkali unalinyanyua, unaingia chini ya upenu na kulifumua kuanzia pembeni. Ukienda site nyingi hapa Moshi unakuta kenchi, yaani mbao zinazobeba paa, imelazwa juu ya ukuta, misumari miwili basi. Kenchi ifungwe na ukuta kwa chuma bapa kilichoingia ndani ya zege ya lenta, papi, mbao za kupigilia mabati, zisiachane sana, na misumari ya kofia iongezwe kwenye kingo zote. Bati geji 30 likichomoka ni panga linaloruka. Usiseme Kilimanjaro hakuna vimbunga, Mei 2024 Hidaya kilifika Mafia, na upepo wa kawaida tu huku umeshawafumulia watu nyumba.

Dereva_Kasumulu
Mleta mada, Munhava naijua. Wiki ile nilikuwa Chimoio na mzigo, nimepita mpaka wa Kasumulu, Malawi, Tete, nateremka kwenda Beira. Barabara ya N6 ikakatwa na maji huko Nhamatanda. Tulilala kwenye malori zaidi ya wiki. Mto Pungwe na mto Buzi iliungana ikawa bahari, watu wako juu ya miti na mapaa, helikopta zinapita juu. Nilipofika mjini sikukuta mtaa wenye mapaa kamili. Kisha kipindupindu kikaingia. Mwezi uliofuata, watu wametoka tu kwenye foleni ya chanjo, kimbunga Kenneth kikapiga kaskazini, Cabo Delgado. Nchi ile haikupewa hata nafasi ya kuvuta pumzi.

Sheria_Mkononi
Mkuu, pole. Ila nikuulize, kwa nini sasa? Miaka 7 hamkufanya, na ghafla ni wiki ijayo. Kaka aliacha mali?

Kitindamimba_Kibosho
Mama_Upendo, ahsante mama, umeniliza. Ojwando, nitawauliza.

Sheria_Mkononi, kuna kiwanja Pasua kina jina lake. Lakini si kilichonileta hapa.

Ndizi_Mshare
Mangi, umeshakiuza?

Kitindamimba_Kibosho
Sijakiuza. Kuna mtu ametanguliza milioni 7 kati ya 18. Mama alivunjika nyonga mwaka jana, upasuaji na vyuma mnajua bei yake. Milioni 5 zimekwenda huko. Nilimwuguza mimi, dada zangu wametuma maneno ya faraja tu. Kaka angekuwepo angekiuza yeye mwenyewe kwa ajili ya mama, hilo nina uhakika nalo. Sijala hata mia.

Ndizi_Mshare
Kwa hiyo msiba ni wa mama au wa mnunuzi?

Sheria_Mkononi
Tusimsulubu. Ila mkuu sikiliza vizuri. Msiba hauhamishi kiwanja. Huna cheti cha kifo, huna msimamizi wa mirathi, kwa hiyo huna cha kuuza na huyo mnunuzi hana alichonunua. Sheria ya Ndoa ya 1971 ina kifungu, mtu asiposikika miaka 5 na wale ambao wangetarajiwa kumsikia, mahakama inaweza kuchukulia amekufa, mpaka atokee mtu wa kuthibitisha vinginevyo. Baada ya hapo kikao cha ukoo kinapendekeza msimamizi, muhtasari unapelekwa mahakamani, tangazo linatolewa, mwenye pingamizi anasikilizwa. Alikuwa na mke? Mtoto?

Kitindamimba_Kibosho
Hakuoa.

Mzee_wa_Soweto
Wakuu, mimi naona hii ni chai. Nimefuatilia Idai wakati ule. Beira simu na umeme vilikatika, hata serikali yao ilichukua muda kujua hali ya mji. Huyu anasema kaka kapiga simu usiku ule ule katikati ya kimbunga. Halafu kaulizwa mke na mtoto, kajibu neno moja, "hakuoa". Mtu aliyeandika aya ndefu namna ile leo anajibu neno moja? Anatafuta huruma, kesho ataweka namba ya kuchangia.

Ndizi_Mshare
Na mimi nimeanza kuona majani ya chai.

Dereva_Kasumulu
Mzee, saa ngapi ndiyo swali. Kimbunga chenyewe kilitua usiku wa manane wa kuamkia Ijumaa, tarehe 15. Upepo ulianza mapema, na jioni ile Alhamisi mimi niliongea na wakala wangu wa Beira kabla simu yake haijazima. Mleta mada aseme saa.

Kitindamimba_Kibosho
Saa mbili na nusu usiku kwa saa yetu, huko ilikuwa saa moja na nusu. Alhamisi. Nilikuwa nafunga duka.

Mzee wa Soweto, sitaki mchango wa mtu. Umeniita mwongo juu ya kifo cha ndugu yangu, basi nitasema yote. Najua alivyokufa. Nimejua tangu Januari.

Alikuwa anaishi na mwanamke kule, hawakufunga ndoa. Mwanamke alikuwa na mimba ya miezi minne. Kaka alimpeleka kwenye jengo la shule lenye ghorofa, akarudi kuwafuata watoto wa jirani. Alileta wawili. Aliporudi kumchukua wa tatu, bati likamkata. Majirani walimzika pamoja na wengine, mwanamke mwenyewe amelazwa, kaburi halijui. Simu na karatasi zote zilikwenda na maji. Walihamishiwa Mandruzi, wilaya ya Dondo, kwenye mahema, na hadi leo yupo huko, ana chumba kimoja cha matofali na shamba dogo la mahindi. Alitupata Facebook kupitia picha ya dada. Kiswahili chake ni cha kuungaunga, alikijua kwa kaka.

Mtoto ni wa kiume, ana miaka 6. Sijamwambia mama.

Mama_Upendo_Sakina
Ee Mungu. Mwanangu, bibi ana mjukuu na wewe umemficha miezi yote hii?

Kitindamimba_Kibosho
Mama, nimfikishieje habari za bati? Na nitajuaje kama mtoto ni wetu kweli? Watu wanatapeliwa kila siku mitandaoni. Nilisema tumalize msiba kwanza, mama atulie, nilipe deni, halafu mambo ya mtoto tuyaangalie taratibu. Nilidhani ndiyo busara.

Sheria_Mkononi
Ndiyo maana uliharakisha tarehe. Sasa jambo limebadilika kabisa. Una shahidi wa kifo, huyo peleka ushahidi wake mahakamani. Na Sheria ya Mtoto ya 2009 inakataza kumnyima mtoto stahili yake katika mali ya mzazi. Ukiuza leo, umeuza cha yatima. Mashaka yako yana dawa. Mtoto wa kiume na baba yake mdogo wanapimika vinasaba, Mkemia Mkuu wa Serikali ana ofisi ya kanda hapo Arusha, nenda ukaulize utaratibu.

Dereva_Kasumulu
Mandruzi ipo, si jina la kubuni. Ninashuka tena mwezi ujao. Kama familia mtakubali, nitapita nimwone, niwaletee picha na nakala ya cheti cha kuzaliwa.

Fundi_Kenchi
Mwulize paa lake limefungwaje. Nasema kweli. Kimbunga Eloise kilipita hapo hapo Januari 2021, na vingine vitakuja.

Mzee_wa_Soweto
Mleta mada, mtoto anaitwa nani? Jina moja tu linatosha kwa mtu wa Kibosho.

Kitindamimba_Kibosho
Ana jina la baba yetu. Lile la kiukoo, ambalo hata kwenye vyeti vyake halipo.

Mzee_wa_Soweto
Mtoto wa kwanza wa kiume, jina la babu. Hilo mwanamke wa Beira hawezi kulitoa hewani, aliambiwa na kaka yako. Nimekukosea, naomba radhi mbele ya wote. Kwa mnunuzi nenda na mzee mmoja, mbebe isale, jani letu la kuombea msamaha, mwambie ukweli. Kwa mama nenda peke yako.

Kitindamimba_Kibosho
*(siku nne baadaye)*

Nimerudi wakuu. Mnunuzi alipokea isale lakini alikasirika, ana haki. Tumeandikishana mbele ya mtendaji, nimrudishie kwa miezi minane. Nauza pikipiki kwanza. Mahema nimeahirisha, ibada itasubiri mwanamke na mtoto wapate hati za kusafiria.

Mama nilimwambia juzi jioni. Yote, hadi bati. Aliuliza alibeba watoto wangapi, nikasema wawili. Akauliza, "Na wewe umejua tangu Januari?" Akaniangalia mpaka nikainamisha uso. Kisha akauliza jina. Nilipolitaja akachukua fimbo yake akatoka, akakaa mgombani mpaka giza likaingia, tukamwacha. Usiku ule hakuuliza gari la mtu.

Leo mtoto ametuma ujumbe wa sauti, Kireno kitupu. Mama ameusikiliza sijui mara ngapi. Kwa sikio langu anasema "vovó, aí também shove". Dereva, nisaidie.

Dereva_Kasumulu
"Vovó" ni bibi. Hiyo nyingine ni "chove". Anauliza, "Bibi, na huko mvua inanyesha?"

Kitindamimba_Kibosho
Ahsante sana kaka. Mama anasema nimjibu inanyesha, tena nyingi, ila maji ya huku hushuka tu bondeni, hayapandi hadi nyumbani. Hilo linasemwaje kwa Kireno?